Mkanushi wa Mtukufu Mhimili

Palikuwa na nchi, na ingali ipo, na hiyo ndiyo shida yake. Jina lake halitatajwa hapa, kwa kuwa sheria ya huko inamtaka kila anayelisikia asimame wima na kuweka mkono kifuani, na huenda msomaji ameshakaa vizuri.

Nchi hiyo ilikuwa maskini wa kila kitu isipokuwa vyeo na kitu kimoja cha ajabu. Ubavuni mwa kilima cha mji mkuu lilitokeza Gunda: pembe ya shaba, mdomo wake mpana kama lango la ghala, mkia wake umezama mwambani hakuna ajuaye hadi wapi. Lilitengenezwa na watu waliokuwepo kabla kilima hakijawa kilima. Halikuwa na waya, halikunywa mafuta, halikuhitaji fundi, na kwa hiyo serikali haikupata kamwe nafasi ya kuliharibu. Ukisimama mbele yake ukapiga hodi, lilikusimulia hadithi, kwa lugha uliyonyonyeshwa nayo, ya mtu aliyekufa zamani hata mifupa yake imekuwa chokaa na chokaa imekuwa jiwe. Lilisimulia habari za bahari iliyokuwa pale kabla ya nchi kavu, na za malkia aliyeushitaki mwezi kwa kuchungulia madirishani mwa watu.

Na katika kila hadithi palikuwa na sauti ya pili. Msimulizi akisema, "Malkia akapanda ngazi hadi mwezini," sauti ya pili inadakia, "Ngazi hiyo aliiegemeza wapi? Hapo nakataa!" Msimulizi anashusha pumzi, anajikuna, kisha anatafuta pa kuiegemeza ngazi. Mabishano ya watu waliokufa kabla ya milima, na ukiyasikiliza unacheka kana kwamba wamekaa barazani kwako.

Sauti hiyo ya pili ilikuwa ya mkanushi. Ndiyo iliyokuwa mila ya nchi ile tangu enzi na enzi: hadithi haisimuliwi bila mkanushi. Anakaa ubavuni mwa msimulizi, anapewa finyango ya nyama nono kuliko ya msimulizi, na kazi yake ni kukataa. Msimulizi akijibu vizuri, hadithi inasonga. Akishindwa, anapunguza uongo au anakwenda kulala. Mtu anayesimulia bila mkanushi walimhesabu kama anayezungumza na sufuria.

Mila hiyo haikupigwa marufuku. Serikali ya nchi ile iliheshimu sana mila. Ila tangu Mtukufu Mhimili aishike nchi, wakanushi walianza kuhama makwao ghafla, bila mizigo, wengine bila viatu, mmoja akiwa bado na tonge mkononi. Wenye akili wakaona kazi hiyo haina afya, wakaiacha.

*

Mshindo Lugendo alikuwa Mkurugenzi wa Makofi. Kazi hiyo si ndogo kama inavyosikika. Kuna kofi la kukaribisha, kofi la kushukuru, na kofi la machozi, linalopigwa polepole huku mtu akitazama mbali. Mshindo aliyajua yote, na alikuwa na gari, dereva na bawasiri kama wakurugenzi wenzake.

Lakini hakupewa cheo kwa ajili ya viganja. Alipewa kwa sababu alikuwa shahidi.

Kila mwaka, Siku ya Kuvushwa, Mtukufu Mhimili alisimulia jinsi mto Luhombe ulivyofurika enzi za ujana wake, naye akawavusha wanakijiji mmoja mmoja mgongoni, akianza na vikongwe. Akimaliza, Mshindo husimama mbele ya umati na kusema neno moja: "Nilikuwepo." Kisha makofi.

Na kweli alikuwepo. Alikuwa juu ya mfenesi, amekumbatia tawi, maji yanapita chini yake na mapaa ya nyumba. Alimwona karani wa kodi, maana wakati huo Mtukufu hakuwa mhimili wa kitu chochote, akiuchukua mtumbwi pekee wa kijiji, ule aliouchonga Pazi, kaka yake Mshindo. Karani alipakia sanduku lake, baiskeli yake, na tenga la kuku wa kodi. Pazi akaogelea, akaushika ukingo. Mshindo aliliona kasia likishuka juu ya vidole vya kaka yake, likapanda, likashuka tena. Baada ya hapo palikuwa na maji tu. Karani akawa wa kwanza kufika ng'ambo, na kwa kuwa alikuwa wa kwanza kufika, akawa wa kwanza kusimulia. Nchi ile ilimwamini yeyote aliyewahi.

Mshindo hakumwambia mtu ila mkewe, Mwamvita. Kila mwaka hadithi ilipofika mtoni alipiga makofi kwa nguvu kuliko watu wote, ili asiisikie.

*

Sasa, Mtukufu alikuwa na sanamu nyingi, lakini ndege wa nchi ile hawakuwa wanachama. Kila asubuhi vijana wa chama walipanda ngazi kumwosha uso, na kila adhuhuri alikuwa mweupe tena. Akaanza kuona kwamba hata shaba na mawe vinaweza kumdharau mtu.

Aliyemtuliza alikuwa Waziri wa Umilele, Dokta Nyangasa, msomi aliyepata udaktari wake kwa utafiti wa namna Mtukufu anavyokohoa.

"Mtukufu," alisema, "jiwe linachoka. Gunda halichoki. Kuna mpiga ramli mle ndani ameanza kuzungumza kabla samaki hawajaota macho, na hadi leo anasikilizwa. Itakuwaje mpiga ramli asikike na wewe usisikike?"

"Itakuwaje?" aliuliza Mtukufu, akawakasirikia samaki.

Wizara ilikuwa imeshalichunguza Gunda. Wataalamu waliosomeshwa nje waligundua kwamba zile sauti za pili zinazodakia kila mara ni kutu. Walilisugua kwa ndimu na majivu msimu mzima ili ziondoke, na zikazidi kusikika vizuri. Wakaandika kwamba kutu imeingia ndani sana, wakalipwa, wakaenda kulisugua daraja.

Basi Mtukufu akapelekwa kilimani kwa ngoma na maua, akasimama mbele ya Gunda, akasimulia maisha yake tangu asubuhi hadi wanajeshi wakaanza kuanguka kwa jua. Hakuna aliyemkatiza, si binadamu, si nzi. Mshindo alipiga makofi hadi pete yake ikapinda.

Alipomaliza, Waziri akasogea kwa heshima, akapiga hodi ili taifa lisikie matunda.

Gunda likaguna. Likaanza kusimulia habari za muuza chumvi aliyemwoa mamba. "Akatoa mahari kamili," lilisema, na sauti ya pili ikadakia, "Alimpa nani, na mama mkwe ana meno yale?" Kwenye umati mtu mmoja alicheka. Alipatikana.

Waziri alipiga hodi tena na tena. Muuza chumvi, malkia, bahari. Habari za Mtukufu Mhimili hazikuwamo hata nusu sentensi. Gunda lilikuwa limemsikiliza mkuu wa nchi kama mtu anavyosikiliza mvua.

*

Kesho yake Mshindo aliitwa wizarani.

"Makofi yako yameziba tundu," alisema Dokta Nyangasa.

"Mheshimiwa, yalikuwa makofi ya daraja la kwanza."

"Ndiyo maana yameziba. Ya daraja la tatu yangepita." Waziri alimtazama kwa huruma ya kiserikali. "Mkurugenzi aliyekutangulia yuko wapi?"

"Masomoni, Mheshimiwa."

"Anasoma nini?"

"Hatujaambiwa."

"Bado anasoma. Mtukufu atasimulia tena Siku ya Kuvushwa. Hadithi isipoingia, utakaa naye dawati moja."

Mshindo alirudi nyumbani. Mwamvita alikuwa kwenye mbuzi, anakuna nazi, na hakuinua macho.

"Wamekufukuza?"

"Afadhali wangenifukuza. Gunda limekataa hadithi, wanasema kosa ni langu."

"Nchi nzima inajua kwa nini limekataa, ila ninyi wenye madereva."

"Kwa nini?"

"Hana mkanushi. Gunda litajuaje kwamba ile ni hadithi? Limeona mtu anabweka."

"Punguza sauti, mke wangu."

"Nipunguze ya nini? Si nimesema halimsikii asiyekanushwa? Basi mimi sisikiki, hakuna mtu humu wa kunikanusha." Alikung'uta kifuu. "Bibi yangu alikuwa akikosa mkanushi anakula wali wake analala. Alisema hadithi isiyokataliwa ni kama mbegu iliyokaangwa. Itunze utakavyo, haioti."

"Na nani atamkanusha yule?"

Mwamvita akaacha kukuna. Alimtazama mumewe kwa muda, halafu akashika nazi nyingine.

"Mimi nimeuliza nini?" alisema Mshindo.

"Mimi nimejibu nini?" alisema Mwamvita.

*

Waziri alipoelezwa habari ya mkanushi alisema alikuwa anaijua siku zote, akaunda Kamati ya Ukanushi Mwema. Kamati ilikaa hotelini ikaandaa makanusho yenye adabu. Profesa Kihwelo, mwenyekiti, ndiye aliyeyajaribu mbele ya Gunda, huku karani mmoja akisoma hadithi kwa niaba ya Mtukufu.

"Nikaua simba watatu," alisoma karani.

"Hapo nakataa!" alipaza sauti Profesa. "Walikuwa sita! Mtukufu ni mnyenyekevu mno!"

Gunda lilipiga chafya ya vumbi, wajumbe wote wakawa rangi ya udongo.

Wakajaribu mfungwa. Walimtoa gerezani mtu aliyefungwa kwa kukanusha, wakamwambia akikanusha vizuri atakuwa huru.

"Nikanushe nini?" aliuliza yule mtu.

"Chochote."

"Mabwana, mimi nilikuwa mgonjwa wa jambo hilo. Gerezani nimetibiwa, nimepona. Kila anachosema ni kweli, na asichosema ni kweli zaidi." Akaomba arudishwe kabla ya chakula cha mchana.

Mwishoni Kamati ikakubaliana juu ya kanusho moja dogo, lisilo na madhara. Mtukufu angesema alivaa shati jeupe, Profesa angekataa, aseme halikuwa jeupe, Mtukufu angejibu kwamba lilikuwa jeupe ila mvua ililitia matope, basi. Hata kanusho hilo lilipelekwa Usalama, likapewa kibali baada ya neno "matope" kuwa "udongo mzuri."

*

Siku ya Kuvushwa kilima kilijaa. Wanafunzi na wauguzi waliletwa kwa malori, na mabalozi wakawekwa kwenye kivuli. Mtukufu Mhimili alisimama mbele ya mdomo wa shaba, Profesa Kihwelo kushoto kwake, Mshindo kulia, viganja tayari.

"Nikavaa shati langu jeupe," alisema Mtukufu, akamgeukia Profesa na kutabasamu.

Profesa aliliona tabasamu lile kwa karibu.

"Hapo nak..." alisema. "Hapo nak... nakubaliana kabisa." Akakaa chini. Kiti kilikuwa nyuma zaidi kuliko alivyodhani.

Gunda likapiga chafya, mabalozi wakaomba maji. Mtukufu, kwa kuwa hakujua kufanya jingine, akaendelea kusimulia. Waziri wa Umilele akamtazama Mshindo kutoka upande wa pili, akaviunganisha viganja vyake, kisha akavifungua taratibu kama mtu anayefungua kitabu. Masomoni.

Mshindo alielewa kwamba lazima akanushe sasa hivi, chochote kile, rangi, hali ya hewa, umri wa kikongwe. Alitafuta uongo mdogo wa kushikilia. Hadithi ikawa imefika mtoni. "Nikamweka bibi kizee mgongoni," alisema Mtukufu, "nikaingia majini." Viganja vya Mshindo vilipanda vyenyewe, kama vilivyozoea, vikakutana hewani bila sauti. Mkurugenzi wa Makofi alikuwa amesahau kupiga.

"Hapo nakataa," alisema.

Gunda likanguruma. Si kwa hasira, bali kama paka aliyekunwa shingo, na shaba yake ikapata joto hadi watu wa mbele wakarudi nyuma. Lilikuwa linaipokea hadithi. Waziri alifumba macho kwa furaha.

Hata Mtukufu alifurahi. Alidhani ni lile la shati limechelewa.

"Unakataa nini, mwanangu?"

"Umeuruka mtumbwi."

"Mtumbwi upi?"

"Wa Pazi Lugendo. Ule uliopakia baiskeli."

Tabasamu lilibaki usoni mwa Mtukufu, ila mwenyewe hakuwamo tena. Mdomo wake ulikuwa umeshaanza kusema "Mkamateni," kwa kuwa ndilo neno lake jepesi. Hapo akakumbuka alipo. Kila litakalomtoka mbele ya pembe ile litakaa mle mpaka kilima kirudi kuwa bahari. Viumbe wasiojulikana, labda wenye mikia, watapiga hodi na kumsikia akisema "Mkamateni" badala ya kujibu. Akaufunga mdomo. Akamwashiria mkuu wa walinzi kwa kidole. Mkuu wa walinzi, mtu wa nidhamu, akapiga saluti. Akamwashiria tena kwa nguvu. Akaletewa glasi ya maji.

Gunda lilikuwa linasubiri, linanguruma polepole. Kimya chenyewe kilikuwa kinaingia mle.

"Ulikuwa unavuja," alisema Mtukufu hatimaye.

"Hapo nakataa. Ulifika ng'ambo na baiskeli kavu. Hata hukuhitaji kuipangusa."

Nyuma ya umati, kati ya wauguzi, sauti ya mwanamke ikapanda. Mshindo angeijua hata usingizini. "Na wale kuku, Mtukufu? Nao uliwavusha mgongoni?"

Mtu alicheka, na safari hii hakupatikana, kwa kuwa waliokuwa wanacheka walikuwa wengi.

"Kuku walikuwa mali ya serikali!" alisema Mtukufu.

"Na vidole vya Pazi?" aliuliza Mshindo. Hakuwa anapaza sauti. "Alikuwa ameshika ukingo. Ulivipiga kwa kasia. Nilikuwa juu ya mfenesi, nikaona. Ulivipiga, akawa bado ameshika, ukavipiga tena."

"Angeuzamisha!" alipiga kelele Mtukufu Mhimili. "Lijitu zima limening'inia pembeni! Lingetuzamisha mimi na, mimi na..."

Alitafuta. Kilima kizima kilimngojea atafute.

"Na baiskeli," alimalizia mzee mmoja, kwa nia njema kabisa ya kusaidia.

"Hadithi imekwisha," alisema Mtukufu. Gunda likaifunga, kwa mlio mzito wa shaba. Mawaziri walimtazama Mkurugenzi wa Makofi ili wajue ni kofi gani linalofaa. Naye alikuwa ametazama chini, viganja vyake kavipachika kwapani, na kwa kuwa hapakuwa na maagizo, hakuna aliyepiga.

*

Jioni redio ilitangaza kwamba hadithi ya Mtukufu Mhimili imepokewa rasmi na Gunda na itadumu milele. Ilikuwa taarifa ya kwanza ya redio ile kuwa ya kweli tangu mwanzo hadi mwisho.

Zege lililetwa. Gunda lililimeza lote, kisha likawasimulia mafundi habari za mfalme mmoja wa enzi za mbali aliyewahi kulijaza risasi iliyoyeyushwa, na mkanushi wake aliyetaka kujua risasi hiyo aliinunua kwa kodi ya nani. Wakaweka askari ili raia wasifike kupiga hodi. Askari waliposhikwa na uchovu wa kusimama, walipiga wenyewe. Gunda huchagua lenyewe la kusimulia, na siku hizo lilikuwa na hadithi mpya, na kama yeyote mwenye jambo jipya halikuwa na subira. Siku ya Kuvushwa ikafutwa, pakawekwa Siku ya Kupanda Miti, na mifenesi ikaondolewa katika miti inayoruhusiwa.

Mshindo Lugendo alishitakiwa kwa kutopiga makofi akiwa kazini. Hakimu alimuuliza kama anakanusha shitaka, kisha akajisahihisha haraka, akasema asijibu.

Alifungwa peke yake, na askari wakaamriwa wasizungumze naye. Amri hiyo ilishikwa vizuri mpaka zamu ilipomwangukia Koplo Nditi, mwanamume mnene aliyehamishwa kutoka kilimani. Koplo aliweka sahani ya ugali, lakini hakuondoka. Alisimama mlangoni anazungusha funguo.

"Wewe ndiye yule wa kwenye Gunda," alisema.

Mshindo alivuta sahani, akamega tonge.

"Nimeisikia mpaka naijua. Ila kuna mahali pananikera. Huyo kaka yako. Kapigwa vidole mara ya kwanza, bado ameshika. Mtu mwenye akili angeuachia mtumbwi, akaogelea kutafuta mti. Hapo, samahani, mimi siafiki."

Tangu afungwe, na kwa kweli tangu zamani kabla hajafungwa, hakuna aliyewahi kumwambia Mshindo kwamba haafiki. Aliuacha ugali. Alifikiri vizuri, kwa sababu swali lilikuwa la haki.

"Ulikuwa mtumbwi wake," alisema.

Koplo Nditi alilitafuna jibu hilo. Alichungulia korido kushoto, akachungulia kulia. Kisha akavuta ndoo, akaipindua, akaikalia, ikalia chini yake.

"Haya," alisema. "Ulikuwa wake. Na aliuchonga kwa mti gani?"